Jina Lako Kwenye Msalaba

Baba mpendwa,

Hamjambo huko Masii? Mgongo unaendeleaje? Bado unapanda ngazi kuandika maduka ya watu, ama hatimaye ulimsikia daktari? Mimi niko mzima wa mwili. Baridi ya hapa Cape Town ni ile ya kuingia kwa mifupa, lakini si hiyo iliyonishikisha kalamu. Nimeandika kwa sababu nikikupigia simu nitapiga kelele, na wewe utaniambia niongee kama mtu aliyelelewa.

Unajua nilikuambia hii ndiyo filamu ya kwanza ambayo mimi ndiye mkubwa wa mandhari. Si tena wa kuchanganyia watu rangi. Kila kitu kinachoonekana nyuma ya waigizaji, nyumba, sufuria, hata vumbi la mlangoni, mimi ndiye ninayekipanga, na mwishoni jina langu lingeandikwa peke yake, kubwa. Ulishawatangazia watu wote wa sokoni, usikatae.

Hadithi yenyewe ni ya kwetu Ukambani, ijapokuwa wanaipigia picha huku. Nikakataa katakata mambo ya kubahatisha. Maandishi ya madukani nilitaka yawe ya mkono, na ule mkia unaowekaga wewe kwa herufi ya mwisho. Kwa hivyo nikabandika ukutani picha za kibanda chako, na ile ya mlango ulioandikwa DAUDI KYALO MBITHI, MWANDISHI WA MABANGO, ili wachoraji wauige mkono wako.

Haya. Juzi asubuhi naenda kukagua mahali pa mazishi, maana kwenye hadithi kuna mzee anayekufa. Kaburi liko tayari, udongo mwekundu nimeuchagua mwenyewe. Na juu yake msalaba. Baba, jina lako! Daudi Kyalo Mbithi, kwa herufi zako, mkia na yote. Mwaka wa kuzaliwa wamebuni, wa kufa wameweka huu huu tulio nao.

Nikamwita mchoraji. Akasema, "Si ulituambia tuige? Tumeiga." Huyo sikumgombeza sana. Nikamwendea mwongozaji wa filamu, nikamwambia hilo ni jina la baba yangu na baba yangu yuko hai, lifutwe kabla hatujaanza kazi. Unajua alinijibu nini? "Liache, linaonekana la kweli. Mpigie mzee simu, atafurahi kuwa kwenye sinema."

Atafurahi! Ai, Baba, kichwa kilitaka kupasuka. Mtu anamwandikia mwenzake kifo, halafu anataka ashukuriwe! Nikamweleza kwa upole, ule kidogo uliobaki, kwamba wewe umeandikia nusu ya Masii misalaba yao na hujawahi kuandika jina hata moja kabla mwili haujatoka mochari. Hata mimi ulinifundisha herufi kwa katoni, si kwa mbao hizo, ukisema, "Msalaba haujaribiwi." Akaangalia saa yake. "Ni jina tu. Kwani nani atalisoma?"

Nani atalisoma? Mwaitu, mkeo, atalisoma! Wateja wako watalisoma! Susu aliyekuzaa, na macho yake yale mabovu, atasomewa kaburi la mtoto wake! Ati nani. Huyo mtu hajui kama kwetu kuna watu.

Sikungoja. Nikaung'oa msalaba kwa mikono yangu miwili, waigizaji wamesimama pale na nguo zao za matanga. Kwanza nikalifuta jina kwa kitambaa cha mafuta ya taa, kwa maana kulichoma nako sikuthubutu, kisha nikazipasua mbao kwa shoka la mafundi na kuzitia kwenye moto wa walinzi.

Kazi ya siku hiyo ikalala. Wakubwa wakaniita: niombe msamaha mbele ya wote, ama nimalize kazi lakini jina langu litolewe. Msamaha wa nini? Wa kuwa na baba? Sikuomba. Jana wameniambia limetolewa, litawekwa la msaidizi wangu.

Naumia, sitakudanganya. Miaka yote hii nimebeba mikebe ya rangi nikingoja siku moja tu, na nililia bafuni mpaka mwenzangu wa nyumba akagonga mlango. Lakini hata leo ningeung'oa.

Msalimie mwaitu, na umwambie asianze kufunga na kuomba, nakula vizuri. Msalimie dada yangu Ndinda akirudi kutoka kwa cherehani zake za kiwandani EPZ, na mjomba wa Katangi anayeniuliza kila Krismasi kama nimeshapata kazi ya maana. Susu usimguse na habari ya kaburi, mwambie tu namsalimu.

Na wale wa sokoni, filamu ikifika huko, najua watakaa mpaka mwisho wakinitafuta. Watakuuliza, "Mzee, si ulisema binti yako ndiye mkubwa? Mbona jina lake haliko?" Waambie lilitolewa ili lako lisiingie.

Ni mimi binti yako, nikikutakia uzee mrefu,
Mwende