Gari la Mapazia Kwenda Dole

Jumatatu, 1 Agosti 1955

Sufi tena haikutosha. Mito minne tayari, miwili bado mifuko mitupu. Mwenye duka aliapa kuwa gunia limejaa. Limejaa mbegu. Mimi na mwanangu Maryam tumeshinda tukichambua, tukipiga chafya. Harusi yake mwisho wa mwezi na chumba cha bibi harusi hakina hata mto wa kulalia.

Alasiri kaja Bi Kibibi kuchukua kipimo cha bangili. Ni shangazi yake Nassor, na ndiye aliyemlea, kwa hiyo kwa harusi hii yeye ndiye mama wa bwana harusi. Namstahi, lakini mdomo wake hauna mlango. Kanywa kahawa, kahadithia tena jinsi Nassor alivyofiwa na mama yake siku aliyozaliwa. Hadithi hii naijua. Leo kaongeza kipande ambacho sijapata kukisikia. Kabla hajapewa yeye, mtoto alipelekwa shamba, Dole, kunyonyeshwa na mwanamke wa huko. Jina la mwanamke halijui. Kisha karudi kwenye bangili.

Nikajichoma sindano. Maryam naye alinyonyeshwa Dole.

Jumatano, 3 Agosti

Silali vizuri. Chakula sikitaki.

Nilipomzaa Maryam nilishikwa na homa, maziwa yakakauka. Mama yangu, Mungu amrehemu, alimchukua mtoto akaenda naye Dole, kwenye mikarafuu yetu, akampa Mama Mize amnyonyeshe. Mama Mize alikuwa amefiwa na kichanga chake mwaka ule ule. Mimi nilikuwa mjini, kitandani, sijui usiku wala mchana. Yaliyotendeka Dole sikuyaona. Aliyeyaona ni Mama, na Mama hayupo.

Nassor kamzidi Maryam miezi michache tu.

Kama ziwa ni moja, hawa ni ndugu. Ndoa hakuna, na hakuna sheikh wa kuihalalisha. Kwa madhehebu yetu funda moja la kumnyamazisha mtoto halitoshi, lazima awe amenyonya akashiba, na zaidi ya mara moja au mbili. Na Dole si nyumba moja. Wanawake wenye maziwa walikuwa wengi. Nimelishika hilo tangu juzi.

Kumtuma mtu kuuliza siwezi. Nikimtuma mtu, mji mzima utajua kabla hajavuka Darajani. Ikiwa nimekosea, nitakuwa nimevunja harusi ya mwanangu kwa mdomo wangu mwenyewe. Na Maryam anamtaka. Hasemi, lakini kila jioni Nassor akirudi bandarini kazini, yeye hupata sababu ya kwenda kufunga dirisha la njiani.

Lazima niende mwenyewe. Nimemwomba Kaka Hamed anitafutie gari la siku moja. Nimemwambia nataka kumwalika Mama Mize harusini. Si uongo wote.

Ijumaa, 5 Agosti

Kaka Hamed kaniponza kwa wema wake. Nilitaka gari na mtu anayeijua njia, basi. Yeye kamkodi Rajabu, yule anayewatembeza wageni wa meli, siku nzima, atuonyeshe nchi. Eti bibi harusi apate hewa ya mlimani kabla hajawekwa ndani. Mlima wenyewe ni Masingini. Ni kilima. Twakiita mlima kwa sababu hatuna kingine.

Halafu kaamuru gari litiwe mapazia pande zote, wanawake wake wasionekane njiani. Nikamuuliza nchi tutaionaje. Kanijibu hewa itapita.

La tatu nimejitakia mwenyewe. Tulipokuwa tukilizungumza waliingia Bi Kibibi na Bi Shekha wa nyumba ya pili. Nikasema, "Karibuni, twende sote." Mtu hawezi kutaja matembezi mbele ya wenzake asiseme hivyo. Na mwenzake naye hujibu, nendeni salama, siku nyingine. Kila mtu anajua. Bi Kibibi kasema haya. Bi Shekha kauliza apike nini.

Kwa hiyo nakwenda kuuliza kama bwana harusi ni kaka wa bibi harusi, na mama wa bwana harusi nimempakia garini mwenyewe. Ningeweza kujipiga kibao.

Jumapili, 7 Agosti

Gari halikuja. Tumekaa ukumbini na mabuibui yetu mpaka jua likawa kali. Kumbe meli imeingia, Rajabu kaenda na Wazungu wake. Pilau ya Bi Shekha tumeilia hapa hapa nyumbani.

Kaka Hamed anasema Jumatano, inshallah. Nimemfokea Maryam kwa ajili ya kijiko. Hana kosa.

Jumatano, 10 Agosti

Tumekwenda. Tumerudi. Nitaandika kwa mpango, nikiruka sitaweza kurudi nyuma.

Nyuma tulikuwa wanne tumebanana, mimi, Maryam, Bi Kibibi, na Bi Shekha na sufuria yake magotini. Mapazia mazito ya kahawia, ya ofisini kwa Kaka Hamed. Hewa haikupita. Mbele Rajabu, kanzu imepigwa pasi, kofia ya viua, na sauti ya mtu anayehutubia uwanja. Kushoto kwenu, mabibi, mnaona magofu ya Mtoni. Tuliona pazia. Kulia kwenu minazi hii, mabibi, ilipandwa zamani za wazee. Pazia. Bi Shekha akawa anaitikia naam, naam, kwa adabu.

Kidichi katuteremsha kwenye hamamu ya mke wa Sultani, katuhadithia habari zake mwanzo mpaka mwisho. Bi Kibibi kazaliwa na hadithi ile, na bado ilimpendeza. Mimi nilikuwa nalitazama jua.

Kisha yakaja majani. Kasimamisha gari, kachuma jani, kalifikicha, kanipitishia chini ya pua. "Nambieni, mabibi, hii harufu ya nini?" Nikamwambia mimi nimechuma karafuu yeye hajaachishwa ziwa. Katabasamu, kangoja. Hakuweza kuendelea mpaka mtu amjibu. Mwishowe Maryam kamwonea huruma kasema mkarafuu, naye kampongeza kama mgeni aliyeshuka melini jana. Kisha mdalasini. Kisha mchaichai. Mchaichai, ambao nimeupanda kwenye kopo nyuma ya jiko langu.

Nilimwomba Dole kwa upole. Kasema Dole haimo katika safari yake. Kwanza Masingini, watu waone nchi, halafu chakula, halafu kurudi. Sidhani ni ubishi. Mtu yule akiruka kituo kimoja hajui kinachofuata.

Masingini palikuwa pazuri. Niseme kweli. Hapakuwa na wanaume, Rajabu kabaki na gari lake, tukafunua nyuso. Mikarafuu inateremka, chini yake minazi, mwisho kabisa mji mweupe na bahari. Upepo ukalijaza buibui la Maryam akacheka kwa sauti. Sijamsikia akicheka hivyo tangu afariki baba yake. Kamuuliza Bi Kibibi bandari iko wapi, Bi Kibibi kamshika bega kamwonyesha kwa kidole, wote wawili wanatazama pale anapofanya kazi Nassor.

Nikachukia. Nilichukia kuwa najua. Ningesema tu turudi nyumbani, hakuna ambaye angeuliza. Mama Mize haji mjini, mwaliko ungeweza kupotea. Nilikaa na fikra hiyo muda mrefu kuliko inavyofaa kwa mtu anayesali. Halafu nikateremka mpaka kwenye gari nikamwambia Rajabu kama Dole haimo katika safari yake, nitakwenda kwa miguu na buibui langu, na yeye akamweleze Kaka Hamed. Katutia garini. Njia nzima hakutuonyesha kitu.

Mpango wangu ulikuwa mwepesi. Wenzangu wakae kivulini wapakue, mimi niingie jikoni na Mama Mize kumsalimu, nimuulize, nitoke. Akisema hapana, nimwalike harusini. Akisema ndiyo, nirudi nalo kifuani na nilitafutie maneno usiku.

Mama Mize alikuwa uani akigeuza karafuu jamvini. Kalisikia gari kaja mbio. Mimi nilikuwa bado nimenasa na buibui mlangoni mwa gari. Kanipita. Kamshika Maryam mashavu kwa mikono miwili.

Maryam kasema, "Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Umekuwa mkubwa, na mie nshakuwa kizee. Na kakako je, Nassor? Hajambo? Aliletwa kwangu kabla yako. Nkiwanyonyesha pamoja, mmoja huku na mmoja huku, mpaka mnalala. Mnaonana huko mjini?"

Bi Kibibi kakaa chini, juu ya jamvi, juu ya karafuu za watu. Maryam hakumtazama Mama Mize wala Bi Kibibi. Kanitazama mimi. Kaona usoni pangu kwamba si habari mpya kwangu.

Bado niliuliza. Siku ngapi, nikasema. Mama Mize kafurahi kuulizwa. Siku gani, kasema, msimu mzima wa karafuu, mpaka mvua za vuli, baba yake Nassor ndipo alipokuja kumchukua. Mama Mize aliliona gari, watu wa mjini, mtoto wake aliyekua, akawa anafuta machozi ya furaha kwa ncha ya kanga. Nani amwambie? Bi Shekha ndiye aliyeinuka kapakua pilau. Tukala. Wali ulikuwa kama mchanga.

Wakati wa kurudi Rajabu kaanza tena. Kulia kwenu, mabibi, yale magofu. Hakuna aliyemnyamazisha.

Alhamisi, 11 Agosti

Nimemwambia Kaka Hamed. Kaenda kwa sheikh bila ya kumaliza chai.

Nina hasira na kila mtu. Na Mama, aliyejua kuwa watoto walikuwa wawili na hakunambia, au alinambia nikiwa na homa. Na Bi Kibibi, aliyekaa na kile kipande miaka yote kakitoa siku ya bangili. Na Rajabu na majani yake. Na mimi na karibuni yangu. Mama Mize namtafutia hasira, siipati.

Maryam kafua, kaanika, kapika. Jioni kaniuliza jambo moja tu, nilijua tangu lini. Nikamwambia.

"Ungenambia, nsingecheka kule mlimani."



Jumamosi, 13 Agosti

Sheikh kasema haiwezekani. Kamsikiliza Bi Kibibi kuhusu msimu ule, kamtuma mtu kwa Mama Mize, maneno yamekutana. Kasema tumshukuru Mungu limejulikana kabla. Nimeshukuru kwa ulimi. Moyo bado.

Vitu vyao vimerudi kwao na vyetu kwetu, kwa uchochoro wa nyuma, sinia zimefunikwa. Bi Kibibi kaja nazo mwenyewe. Tumeshikana mikono mlangoni, hatukuwa na la kusema, na yeye kukosa la kusema sijapata kuliona. Hatukugombana. Ningependa kama tungegombana.

Mtaani wanasema. Wengine wanasema bibi harusi ana dosari, wengine bwana harusi. Bi Shekha kasimama barazani kwake kawaambia ukweli kwa sauti kubwa, nyumba zote zikasikia. Nilidhani nitamchukia kwa hilo. Nimempelekea bakuli la halua.

Nassor hapiti tena njia yetu. Dirisha halifungwi na mtu. Nalifunga mimi.

Jumatano, 17 Agosti

Homa ya kichwa. Maryam kanikanda miguu. Kanikanda vizuri. Bora angenifokea.

Jumapili, 21 Agosti

Asubuhi, hodi. Nimeijua sauti.

Nassor alisimama nje ya kizingiti, kageuza uso njiani, anangoja wanawake wajifunike, kama anavyongoja tangu aote ndevu. Kakonda. Nikamwambia pita. Hakusogea. Kasema kaja kunijulia hali tu, kasikia naumwa.

"Pita, Nassor. Hapa kwenu."

Kavua viatu kaingia, macho chini. Maryam alikuwa ukumbini anakanda unga wa chapati, kichwa wazi, mikono mpaka kwenye viwiko imejaa unga. Kamwona. Mkono ukaenda kwenye kanga iliyokuwa begani, ukaivuta mpaka karibu ya sikio. Hapo ukasita. Halafu kaiacha ikarudi begani.

"Karibu, kaka," kasema.

Ilimchukua muda Nassor kuinua macho. Hajamwona uso tangu walipokuwa watoto wakicheza uani. Kamtazama, kakaa kwenye mkeka. Maryam kafuta mikono, kammiminia kahawa, karudi kwenye unga wake.

Nimekwenda jikoni kutazama mkaa, nikawaacha peke yao. Sasa inafaa.