Ripoti Fomu ya Mwikali

Jumapili, mwezi wa saba. Baridi ya Machakos leo ni ya kuvaa soksi mbili. Jua lilichungulia saa nane, likarudi zake.

Leo nimejiona kwenye runinga, na sikupenda.

Binti yangu Mwikali, wa kidato cha tatu, amekuja likizo fupi tangu Alhamisi. Jumapili akiwa nyumbani, saa moja jioni, huwa tunaangalia ile komedi ya wanafunzi wa sekondari wenye akili kali na mwalimu wao. Mwalimu mwenyewe ni kichekesho. Wanafunzi wanamshinda hesabu, anajifanya anajua, na wao wanamhurumia. Mimi ni mwalimu wa fizikia hapa Mumbuni, kwa hivyo huwa namcheka kwa roho safi nikijua si mimi.

Leo wageni walitembelea lile darasa. Mwalimu akaanza kutambulisha wanafunzi wake kwa alama zao: huyu ni Tisini na Nane, yule ni Tisini na Tano, pale nyuma ni Themanini, msimsalimie sana. Nilicheka hadi nikakohoa. Kugeuka, Mwikali hacheki. Aliinuka akasema anaenda kupika chai, na chai ilikuwa hapo mezani.

Na mimi je? Kwenye simu yangu nimemhifadhi kama Namba Wani. Kanisani nilimtambulisha kwa mchungaji mpya vivyo hivyo, ikabidi mchungaji aulize jina. Na tangu Alhamisi nimemuuliza ripoti fomu mara nne, anasema aliisahau shuleni. Mwikali, ambaye hajawahi kusahau hata kalamu.

Nilimfuata jikoni. Alikuwa amesimama mbele ya jiko ambalo hajaliwasha.

"Baba," akasema bila kugeuka, "nikikuwa namba saba, utaniita nani?"

Woi.

Amebeba jina la mama yangu. Kwetu Wakamba, mtoto kama huyo unamwita mwaitu, yaani mama yangu. Nilimwita hivyo tangu azaliwe, hadi alipoanza kuongoza darasa. Nikaacha tu, hata sijui ni siku gani.

"Mwaitu," nikamwambia. "Hata ukiwa wa mwisho, wewe ni mwaitu."

Akalia. Nami nikalia, tusidanganyane. Halafu akatoa ripoti chini ya mkebe wa unga, ameikunja hadi ikawa ndogo kama kiberiti. Namba saba kweli.

Sasa iko hapa mbele yangu, nimeinyoosha kwa kiganja. Pale chini kuna nafasi ya maoni ya mzazi. Miaka yote nimeandika "aongeze bidii", hata alipokuwa wa kwanza. Aongeze hadi wapi, jamani, na juu yake hapakuwa na mtu?

Leo nimeandika: "Nimefurahi amekuja nyumbani."

Mwalimu wake wa darasa akicheka, na acheke.