Mwani Niliovuna kwa Sauti Yako

Mama,

Shikamoo. Ustadhi alituambia madrasa kwamba aliye kaburini husikia salamu ya anayepita, basi juzi nilisimama pale kwako nikakusalimia kwa mdomo. Leo nakusalimia kwa kalamu, kwa sababu haya niliyo nayo siwezi kuyasema kwa sauti. Unanijua. Hata ulipokuwa ukinituma dukani nilikuwa nikinyoosha kidole tu, mwenye duka akisie.

Niseme kubwa kwanza. Mama, wanaume walikubeba nikiwa nimesimama mlangoni, nikaona jeneza likipinda kona ya msikiti. Lakini kwa miezi saba baada ya siku ile uliendelea kuvuna mwani. Ndivyo ilivyoandikwa. Imeandikwa mahali pasipofutika, na aliyeandika ni mimi.

Unaikumbuka siku ya kuandikishwa? Yule kijana wa Nairobi aliyeletwa na wanunuzi aliingia ghalani kwetu na tableti yake na viatu vyake vyeupe, akasema enzi za madalali zimekwisha. Kila gunia litabandikwa karatasi yenye mraba wa madoadoa meusi, na mtu wa nchi ya mbali akinunua sabuni iliyotengenezwa kwa mwani ule ataelekeza simu kwenye pakiti, aione sura ya aliyeulima na kijiji chake. Akasema jina lake ni blokcheni. Ukanigeukia mimi, msomi wako. Nikatoka jasho. Shuleni tunasoma kwa Kiingereza na neno nililijua, maana yake sikuijua. Nashukuru kijana mwenyewe alichukua kamba ya mwani. Akasema kila habari inafungwa juu ya iliyotangulia, kama mbegu kwenye kamba hii, na kila mtu ana kamba yake inayofanana na hii, kwa hiyo huwezi kuchomoa mbegu moja kwa siri. Ukamwambia ungepata kamba ya namna hiyo samaki tafi wasingekumalizia shamba.

Kisha akataka vidole. Bi Mwanakombo, mwenyekiti, akaweka chake mara tano, mashine ikasema hakuna mtu. Ukaweka wewe, hakuna mtu. Kina mama wote wa kikundi, mmoja mmoja, hakuna mtu. Chumvi na kamba zilikuwa zimekula alama za vidole vyenu. Ukacheka, ukasema, "Kumbe miaka yote hii tulikuwa hatupo."

Ndipo wakaamua kutumia sauti. Kila mmoja akajitaja kwenye tableti, na gunia likishapokelewa, sauti ya mwenyewe inasikika, kama muhuri. Yako uliisema kama unayegombana na dalali: "Mimi ni Mejumaa Bakari wa Kibuyuni. Mwani huu nimeulima mimi." Wenzako waliangua kicheko. Namba ya siri ukanipa mimi, maana hukusoma.

Na uliuliza swali, mama. Silisahau. Ulimuuliza, mtu akifa je? Kijana akajikuna shingo, akasema itaandikwa kwamba amefariki na sauti yake itafungwa, lakini ya nyuma yatabaki. Ukasema, "Basi mtanikoma."

Mengi yamebadilika tangu uondoke. Yule dalali aliyekuwa na mzani wake anauza makava ya simu kando ya barabara ya Shimoni, na akiniona anauliza bei ya mwani kama mtu anayeulizia mgonjwa. Siku hizi mkulima jina lake linapanda kila akivuna bila kukatisha, na likipanda ndio wanunuzi wanamtaka zaidi. Bi Mwanakombo anasema zamani tulikuwa tunauza mwani, sasa tunauza mwani na nyuso zetu, naye hajajua kipi kizito zaidi.

Sasa nikwambie nilivyoanza.

Ulipoanguka pale kwenye chanja cha kuanikia, ukapelekwa hospitali ya Msambweni usirudi, kamba zako zilikuwa bado na mwani. Jumamosi ya kwanza baada ya matanga nilikwenda nikauvuna, nikauanika, nikapeleka gunia ghalani. Ilikuwa saa sita mchana, sikumkuta mtu. Mashine ikauliza mwani wa nani. Jina langu halikuwepo. Lako lilikuwepo. Nikalibonyeza, nikaweka namba ya siri.

Ukasema.

Nilikaa chini juu ya magunia. Sauti yako, mama, na ule ukali wa uongo, na mwishoni ile pumzi ndogo ya kutaka kucheka. Nikangoja useme tena, lakini gunia lilikuwa moja, na gunia moja ni mara moja.

Mara ya pili gunia moja nililigawa vigunia vinne. Ili useme mara nne. Hilo sikumwambia mtu.

Arobaini yako ilipofika nilidanganya. Unaijua desturi yenu: kila mkulima hufunga vipande vya leso yake kwenye vigingi, mashamba yasichanganyike, na akifa vipande hufunguliwa siku ya arobaini. Nilimwomba Bi Mwanakombo nikafungue mimi. Nikatembea mpaka kule ukingoni kwako, karibu na mkondo, ambako hapafikiki ila kwa bamvua, maji yakitoka mbali. Nikashika kipande cha kwanza, cha ile leso ya zambarau, kimepauka kama ulimi wa mgonjwa. Vidole vikakataa. Nikarudi nikasema nimefungua vyote, na shamba nikaachiwa mimi.

Nilijua mwani utakwisha. Mimi sikupanda kitu, nilikuwa navuna tu, na usipopanda kamba zinabaki tupu. Niliwaza nitakusikia mara mbili zaidi, labda tatu, kisha basi.

Siku moja Bi Mwanakombo alinikuta njiani akanishika bega. "Saumu, mwanangu umekuwa. Nimeona kwa mbali ulivyopanda. Mama yako angefurahi."

Nilinyamaza. Nimezoea kunyamaza, na watu wamezoea kuona ni haya. Sikuwa nimepanda, mama. Jumamosi ile nilikwenda mbio maji yalipotoka. Kamba zako zote zilikuwa zimejaa mbegu changa, shibiri kwa shibiri, zimenyooshwa vizuri. Nikainama nikatazama mafundo. Yalikuwa yamezungushwa upande wa kushoto.

Kibuyuni nzima hakuna mwanamke mwingine mashoto ila wewe. Wenzako walikuwa wakikutania kwamba fundo lako lina ukaidi, halifunguki kwa mkono wa mtu.

Nilisimama pale maji yakiwa kwenye vifundo vya miguu. Jua lilikuwa utosini, sikuwa hata na kivuli. Kina mama walikuwa mbali, wadogo kama ndege. Nikasema, "Mama?" Hapakuwa na upepo, lakini vipande vyote vya leso viligeuka taratibu vikaelekea kwangu. Ni maji yalikuwa yanaanza kurudi. Najua ni maji.

Sikukimbia. Hapa ndipo ninapoona aibu zaidi. Nilifurahi. Tangu siku ile kila nikienda nakuta umepanda, navuna, nauanika, nabonyeza, unasema. Nikaacha kukulilia. Mtu hamlilii aliye kazini. Nikija kutoka shule nilikuwa nakutengea sahani ya pili, kisha naiosha safi kabla baba mdogo ninayekaa naye hajarudi. Tulikuwa tunaishi, mimi na wewe, wewe baharini na kwenye mashine, mimi hapa. Nikaanza hata kukuogopa kidogo, kama zamani nilipochelewa kurudi.

Halafu wiki iliyopita kijana wa Nairobi akarudi. Wanunuzi walitaka mwanamke mmoja atiwe picha kwenye pakiti zote, yule ambaye mavuno yake hayajakatika tangu mwanzo. Tukakusanyika ghalani asubuhi. Akatazama tableti, akasoma: "Mejumaa Bakari. Amevuna hata Jumamosi iliyopita. Yuko wapi tumpigie makofi?"

Hakuna aliyepiga. Yeye hakuwa na habari, alifikiri hawajasikia. Akagusa kioo, nawe ukasema mbele ya watu wote: "Mimi ni Mejumaa Bakari wa Kibuyuni. Mwani huu nimeulima mimi."

Beseni lilianguka. Bi Mwanakombo akasema innalillahi, akavuta leso mpaka machoni. Mtu mmoja nyuma akataja koma, mzimu wa marehemu, kwamba mwenzetu hajaridhika amerudi kudai shamba, na mwingine akasema yeye mwani wake hauingii tena katika ghala hili. Wakaanza kutoka. Nikaona kikundi chako, mama, ulichokianzisha kwa kugonga mlango hadi mlango, kinamiminika nje kwa sababu yangu.

Nikasimama. Sauti ilitoka ndogo, ikabidi niirudie. "Ni mimi. Nilikuwa nataka kumsikia tu."

Nikawaambia yote, na vigunia vinne nikavitaja. Bi Mwanakombo alinisikiliza mpaka mwisho, kisha akauliza polepole, "Na mbegu ulikuwa ukifunga wewe?"

Nikasema la.

Waliobaki nao wakaanza kusogea mlangoni. Mtu wa kuniokoa alikuwa Mama Mutheu. Unamjua, yule wa Ukambani, aliyekuwa akitandika vitanda hoteli ya Diani mpaka wageni wakaanza kujitafutia nyumba za kulala kwa simu, hoteli ikapunguza watu. Alikuja huku hajui mwani ni nini, ukamkalisha ubavuni kwako ukamfundisha. Alikuwa bado anaokota beseni lake.

"Ni mimi, Bi mkubwa. Kwetu shamba ya mtu haiachwi hivyo tu. Nilikuwa naenda siku ya kwanza ya bamvua, huyu akiwa shule. Nikipata kumevunwa nasema sawa, mtoto anakula kwa mamake."

Akaulizwa, na fundo la kushoto? Akashangaa. "Kwani kuna lingine? Yeye ndiye alinifunza."

Bi Mwanakombo alianza kucheka, kisha ikawa analia, kisha vyote viwili. "Mejumaa," akasema akitazama juu ya magunia, "hata kufa umetufia kwa ubishi."

Kina mama wakarudi ndani mmoja mmoja.

Lakini hayajaisha. Kijana alinivuta kando, akaniambia kwa sauti ya chini kwamba ningeweza kuacha kama kulivyo. Jina liko juu, picha ni nzuri, wanunuzi hawatakuja kuhesabu makaburi. Na sauti ingebaki. Nikitangaza kifo, inafungwa, hata yeye hawezi kuifungua. Nilimtazama nikajua nataka. Nilitaka sana, mama. Nisamehe, nilikuwa nimeshatikisa kichwa kukubali.

Bi Mwanakombo ana masikio. Alikuja akasimama mbele yangu, hakunikaripia. Alisema tu, "Ni mama yako. Lakini kila ukimbonyeza unamtuma kazini."

Nikakuona na mgongo wako. Nikakuona unavyoshuka majini na kile kiuno ulichokuwa ukikifunga leso kisiume. Miezi saba nimekutuma, na Jumamosi moja nilikutuma mara nne.

Nikaomba nikusikie mara ya mwisho. Ulisema. Halafu nikabonyeza amefariki.

Mashine ikauliza shahidi ni nani, ajitaje kwa sauti. Ghala zima likanitazama. Nikasogeza mdomo karibu: "Mimi ni Saumu, mtoto wa Mejumaa Bakari wa Kibuyuni. Mama yangu amefariki. Mwani wa baada yake tumeuvuna mimi na Mama Mutheu." Ikanirudishia maneno yangu ili yawe muhuri.

Mama, walikuwa wamenitazama mimi. Sauti ilipotoka, na ule ukali wako ndani yake, wote waligeuka kutazama mlangoni.

Mimi pia niligeuka.

Uongo wangu haufutiki. Uko pale, magunia yale yote, na mtu wa mbali akitaka ataona marehemu akivuna. Chini yake ataona maneno yangu. Nimekubali aone vyote viwili. Picha ya pakiti amepewa Bi Mwanakombo, amekataa kutabasamu.

Jumatano bamvua inaanza na shule tumefunga. Nitakwenda na Mama Mutheu kule ukingoni. Nitafungua vipande vyako vyote, hata kile cha kwanza, nitavifua kwa maji baridi ya kisimani, nivikunje nivitie kwenye sanduku lako. Amesema atanifundisha fundo. Mimi ni wa mkono wa kulia, kwa hiyo nitaharibu mengi, na tafi watafaidi.

Nakuahidi sitakutuma tena. Sahani ya pili nimeirudisha kabatini.

Pumzika, mama. Mungu akulaze pema. Gunia lijalo nitasema mwenyewe.

Mwanao,
Saumu