Samaki Mu Chombo ya Maziwa

Siku ya kazi moja, tarehe 3 mwezi wa 6

Nimegeuza bokali, ile chupa ya kinywa kubwa. Kichwa chini, halafu naiweka tena mu giza chini ya kitanda. Wiki ya saba sasa. Sambaza zangu, samaki ndogo ndogo ya ziwa, ziko muzuri. Mafupa inaanza kuyeyuka, maji yake imekuwa rangi ya chai. Ule motari wa Sake, mwenye pikipiki, alifikiri niko wazimu, wakati nilimupatia bido ya plastiki na chumvi yangu mwenyewe. Nilimuambia chumvi iingie ku samaki palepale ku ziwa, asingoje kufika huku Nyabiondo. Alifanya vile. Mimi bantu bananisikiaka.

Mama Esperansi amepita na maziwa. Kila asubui anashuka kilima yake na nkongoro, ile chombo ya muti yenye kifuniko ya kufuma. Anamwaga mu kikombe yangu. Tunaongea juu ya magoti yangu na juu ya Bihogo, ngombe yake. Halafu anapanda. Halafu hakuna muntu mpaka kesho.

Bibi yangu wa ndoa alikufa mwaka jana. Bauma, mwana wangu, iko mbali, kule Mpofi, anauza vitu. Anapigaka telefone ku Noeli. Basi ni Mama Esperansi tu. Naandika vile juu njo kweli.

Kazi mbili, tarehe 4

Nimekasirika. Pale kwa kasiksi, pombe ya ndizi, jirani yangu Papa Sikuli alisema mbele ya bantu yote ati mimi sikupikiaka Bazungu. Ati nilikuwa muosha sahani. Balicheka. Katekista naye alicheka.

Miaka kumi na moja! Nilipikia Madame Muingereza ku plantation ya kinini, ile miti ya dawa ya malaria, miaka kumi na moja. Gato, supu, kuku ya kujaza, yote. Mu Masisi yote hakuna mupishi kama mimi. Na Walikale pia.

Nikasimama. Nikasema siku ya Mungu, ku sikukuu ya mavuno, nitaleta ile samaki yenye Bangereza banapakaa ku mukate. Bantu yote balisikia. Sasa siwezi kurudi nyuma.

Madame alikuwa naye mu kichungu kidogo cheupe, kilitoka kwao. Siku moja kiliisha. Alikaa ku meza anakiangalia tu. Mimi nikafanya ingine na sambaza. Alikula, akafunga macho. Alisema inapita ile ya kwao. Labda hakusema vile. Lakini alikula yote.

Kazi tatu, tarehe 5

Samaki niko naye. Muskade, ile kungumanga, niko nayo, pilipili, ndimu. Mafuta ya ngombe sina. Na bila mafuta hakuna kitu. Samaki nusu, mafuta nusu, njo siri.

Mafuta mupya iko kwa Mama Esperansi. Anatikisa maziwa mu kibuyu mpaka inatoka. Lakini ku jamaa yake, bantu ya ngombe, samaki na maziwa havikutanake. Hawakulake samaki. Maziwa ikigusa samaki, ngombe inakauka. Najua ile tangu utoto. Sisi ba muhogo na maharagi tunakaa nabo miaka yote, tunajua.

Kama ningesema samaki, angekatala. Basi nilisema ni dawa ya magoti. Kupakaa jioni.

Aliamini mbio mbio. Alinigombeza hata, ati muzee, mbona hukusema mbele, unateseka bure. Ile aliniamini mbio iliniuma kidogo.

Lakini magoti inauma kweli. Basi ni uongo nusu.

Kazi ine, tarehe 6

Amekuja na mafuta mu nkongoro yenyewe. Imejaa, na jani ya mugomba juu. Alikatala kitu yote nilitaka kumupa, hata maharagi.

Halafu akatia mafuta kidogo mu kijiko, akaipasha moto ku mafiga yangu. Akapiga magoti chini na akanipakaa. Mama muzee vile, chini ku udongo. Mikono yake iko ngumu kama muti. Ilinifanya muzuri. Tangu bibi alikufa hakuna muntu alinigusa.

Alisema ataniachia nkongoro mpaka mafuta iishe. Ilikuwa ya mama yake. Alipewa siku aliolewa.

Nilimusindikiza mpaka ku mulango.

Kazi tano, tarehe 7

Nimefanya! Asubui, Mama Esperansi alipokwisha kupanda, nilitoa sambaza mu bokali, nikaosha chumvi, nikaondoa mafupa ya mugongo moja moja na kucha. Macho yangu haioni muzuri tena, lakini vidole inaona. Nikatwanga mu kinu. Nikatia mukate ya kukauka, muskade, pilipili, ngozi ya ndimu. Nikatia mafuta pole pole. Ukienda mbio inakatika kama maziwa ya kuharibika. Halafu nikapitisha yote mu kitambaa, na kijiko, mpaka mukono ikakufa ganzi. Madame alitakaka ikuwe laini kama sabuni.

Halafu, kuiweka wapi? Sahani haina kifuniko, na panya iko. Bokali inanuka chumvi. Ile nkongoro iko pale, mafuta kidogo ku chini. Muti munene, inashika baridi. Kifuniko muzuri. Iko sawa na kichungu ya Madame.

Nikaitia ndani. Nilisema nitaiosha na majivu siku ya Mungu jioni, hatajua.

Nilionja. Ni yenyewe. Ni yenyewe kabisa. Niligeuka kumuambia bibi yangu. Kiti tu.

Siku ya posho, tarehe 8

Mama Esperansi alikuja mbele ya saa yake. Nilikuwa mu maharagi nyuma ya nyumba. Maziwa alileta mu chupa, juu nkongoro iko kwangu. Sasa njo nafahamu: alitaka kuangalia kama mafuta imeisha, aniongezee.

Nilipofika alikuwa ku mulango na nkongoro mu mikono, wazi. Anaishika mbali na mwili yake.

Akauliza: "Ni samaki?"

Nikasema ni kitu ya Bazungu. Nikasema iko safi, niliosha samaki mara tatu. Nikaanza kumuelezea muskade. Mimi mujinga.

Aliweka nkongoro chini, pole, kama unaweka mutoto mwenye amelala. Akangoa majani, akapanguza mikono mpaka ku kiwiko. Akabeba chupa yake na maziwa ndani. Akapanda. Hakugeuka.

Ni muti tu. Chombo ni muti. Naandika vile na niko na hasira. Muntu anakasirikia muti!

Siku ya Mungu, tarehe 9

Nimeshinda. Nilichoma mikate ku makaa pale nje ya kanisa, nikapakaa nyembamba nyembamba, kama Madame. Katekista alikula tatu. Aliuliza ni bwati ya wapi, kopo gani, nikamuambia bwati ni mimi. Watoto balitema. Mama moja alisema chumvi mingi. Hajui kitu.

Papa Sikuli alikula ine. Akajipanguza kinywa, akasema mbele ya bantu yote: "Kumbe muzee ulipikaka kweli." Balipiga mikono.

Nilikuwa nangojea ile neno, halafu ikafika, halafu ikapita. Ilikuwa fupi.

Mama Esperansi alikuwa upande ya bamama, ku mwisho. Aliona yote. Mafuta yake ilikuwa mu kinywa ya bantu yote pale, na yeye alikuwa anajua. Hakusema kwa muntu. Angeweza kusema, na kila muntu wa ngombe mwenye alikuwa pale angetapika.

Tukiwa tunarudi Papa Sikuli alisema Bihogo imepunguza maziwa, inatoa nusu. Alisema tu, hakujua kitu. Nilimuambia ni kiangazi, majani imekauka, ngombe yote inapunguza. Nilimuambia tena. Akasema sawa, muzee, nimesikia.

Kazi moja, tarehe 10

Hakuna muntu.

Nilichemsha chai. Nilikaa ku mulango mpaka jua ikaingia mu nyumba.

Kazi mbili, tarehe 11

Hakuna muntu. Nimesugua nkongoro. Majivu, maji ya moto, sabuni, majivu. Nimeiweka ku jua. Nimenusa. Bado. Samaki imeingia mu muti.

Nilikuwa na ile samaki yenye ilibaki. Kidogo tu. Nikaitupa mu shamba. Miaka kumi na moja sikutupa kitu mu jiko ya Madame.

Si juu ya kiangazi nasikia mubaya. Kiangazi ni kiangazi. Ni juu ya vile alipiga magoti chini.

Kazi tatu, tarehe 12

Nimepanda kwake. Njia ile sijaipanda tangu mazishi ya bwana yake. Nilibeba nkongoro mu kitambaa.

Alikuwa anafagia mu kiraro ya ngombe. Hakuniambia nikae. Nilisimama. Nikasema yote. Nikasema magoti ilikuwa uongo, nusu. Nikasema Papa Sikuli alinicheka na nilitaka bantu bajue mimi ni nani. Nikasema nilijua samaki na maziwa havikutanake, sikukosa kujua, nilijua. Ile ilikuwa nguvu kusema kupita kupanda.

Alifagia mpaka mwisho. Kisha akaegemea fagio.

"Papa Bauma, ungeniambia samaki, ningekukatalia," alisema. "Na kesho yake ningekuletea maziwa kama kila siku."

Nilifungua kitambaa.

Nilitoa nkongoro. Hakuishika. Alisema ile imekufa, maziwa haitaingia mule tena, niende nayo, niweke chumvi yangu ndani. Aliangalia kifuniko kidogo. Ni mama yake aliifuma. Halafu akageuza uso.

Nikauliza habari ya Bihogo. Akasema inakula muzuri, labda ni kiangazi, labda ni mimi na samaki yangu, Mungu njo anajua. Alikuwa hacheki.

Nilipoanza kushuka aliniita. Alisema maziwa haitashuka tena ku nyumba yenye samaki. Kama nataka, nipande mwenyewe. Ninawe mikono. Nisukutue kinywa. Na nikae kule ku jiwe, mbali na ngombe.

Nilimuambia mimi nina miaka sabini na kitu, magoti yangu iko mubaya.

Akasema: "Ile nilisikia."

Kazi ine, tarehe 13

Nimenawa na majivu, halafu sabuni, halafu majivu tena. Mpaka ku kiwiko. Nimesukutua kinywa na maji ya chumvi, halafu na maji mutupu.

Nimepanda. Nimepumzika mara tatu.

Alikuwa anakamua. Nilikaa ku jiwe. Bihogo ilitoa kidogo. Alimwaga nusu mu kikombe ya plastiki, akaiweka ku majani katikati yetu, akarudi ku ngombe. Nilingoja mpaka afike, njo nikaenda kuibeba.

Maziwa ilikuwa ya moto bado. Nilikunywa pole pole.

Ukungu ilikuwa mu bonde, nyumba yangu haikuonekana. Niliosha kikombe ku mugezi, kijito ya pale, nikairudisha palepale ku majani. Aliniangalia mara moja.

Kesho nitatoka mapema kidogo.