Mvua Iliyoingia Kwenye Kaseti

Mjukuu wangu, mume wangu Hoza,

Marahaba. Huku Mgwashi ni ukungu tu, ila mama yako ameshavuna maharage.

Unauliza kama mfute albamu ya bendi yenu mliyorekodi hapa kwangu, maana wachambuzi wameiponda, eti ina makelele ya nyumbani. Kwaya yetu ilipotoa kaseti, mvua ilipiga bati la kanisa wimbo mzima. Mtangazaji wa redio akasema tumeharibu. Tuliona aibu! Lakini ndugu zetu waliohamia Tanga, kwenye joto, kila mara waliomba, "Tuwekeeni ule wenye mvua ya kwetu."

Jana niliwasikiliza. Wimbo wa tatu, nyuma ya magitaa, mlango wa jikoni unalia, kisha naita, "Hoza, njoo unywe chai."

Usinifute.

Bibi yako