Bunduki ya Mti Pale Ilagala

Mjukuu wangu Zuhura,

Marahaba. Salamu zako zimetufikia hapa Katubuka. Goti la bibi yako limepata nafuu, na mama yako amerudi kuuza dagaa.

Umeniuliza kama hayo mazoezi yenu ya kompyuta huko jeshini, ya kulenga maadui kwenye skrini, yanamfanya mtu kuwa askari. Sisi mgambo tulijifunza kwa bunduki za mti. Siku moja pale Ilagala, kando ya ziwa, wenzetu walitakiwa waje na mtumbwi kama maadui, nasi tuwakamate ufukweni.

Asubuhi mtumbwi ulipotokea, nilikuwa wa kwanza kuchomoka kwenye matete.

"Mikono juu!"

Mwanamke mwenye mtoto mgongoni alishuka, akapiga magoti majini, mikono juu. "Mutugirire ikigongwe," aliniomba kwa Kirundi, yaani tuwahurumie. Hawakuwa wenzetu. Walikuwa wamekimbia vita kwao Burundi.

Bunduki yangu isingeua hata kuku, lakini yeye hakujua, na alikuwa anatetemeka kwelikweli. Niliitupa, nikamshika mkono kumwinua.

Mkufunzi wetu alikuja mbio. "Nani kakuamuru utupe silaha?"

"Hakuna, afande."

Akamtazama yule mama, kisha akaingia majini na viatu vyake, akatusaidia kuvuta mtumbwi.

Yale mazoezi yalinipa wepesi, siyadharau. Ila nilikuwa nimejifunza kwamba kila ajaye ni adui. Je, kwenye kompyuta yenu huwa anatokea mama kama yule? Kama hatokei, mwombe mkufunzi wako amweke.

Babu yako akupendaye.