Saluni Isiyokata Mti

Da Vidole wangu,

Shikamoo. Nimeanza na shikamoo kwa sababu mkubwa ni mkubwa hata akikukosea, ndivyo nilivyofundishwa. Usidhani nimesahau. Sijasahau hata chembe.

Barua hii sikuifunga. Nimempa Mama Joha, yule mteja wetu wa kila Jumamosi, anamfuata mumewe huko machimboni Geita. Nimemwambia aisome kwa sauti hapo hapo saluni kwako, wateja wakiwa wamekaa wanasikia. Wewe kusoma unasoma kwa kuungaunga, na mie safari hii sitaki uruke neno.

Unakumbuka nilivyokuja kwako? Nilikuwa natumwa sokoni Shinyanga mjini, nafika dirishani kwako naganda. Naangalia vidole tu. Vinaingia nywele, vinatoka, vinaingia, kichwa kimeisha! Siku ya nne sijui ya tano ukanigeukia. "We mtoto, unatuhesabia chawa au unataka kazi?" Nikasema nataka kazi. "Unajua kusuka nini?" Nikasema najua vyote. Saluni nzima ilicheka, mama mmoja akatikisa kichwa akaungua sikio na kitana cha moto. Hukunifukuza. Ukanipa kichwa cha mwanafunzi nisuke twende kilioni, mistari ikaenda kama njia ya mlevi. Ukafumua, ukasema rudia. Nikarudia mara tatu. Jioni ukaniita Cherehani, kwa vile mdomo na mikono vyangu vinakwenda pamoja na havina breki. Nililipenda jina hilo kuliko Kabula nililozaliwa nalo.

Majiko yetu yalikuwa mawili, si ndiyo? La kitana cha kuchomea nywele na la maji ya kuoshea. Yote mkaa. Gunia linaingia Jumatatu, Ijumaa tunakung'uta vumbi. Na kwetu miti ilishakwisha zamani, ukisimama mlangoni unamwona ng'ombe wa mtu wa kijiji cha tatu. Mie nikawa nalitazama lile lundo la pumba pale mashine ya mpunga, kubwa kama nyumba, wanalichoma tu lipungue. Nikasema hee! Moto si moto? Nikatafuta debe la rangi, nikatoboa tundu ubavuni, nikasimamisha chupa katikati, nikashindilia pumba mpaka zikawa ngumu, nikachomoa chupa. Hakuna aliyenifundisha. Nilikosea mara sita.

Mara ya saba nikaliwashia ndani. Moshi! Mama Joha yule yule akatoka mbio, dawa kichwani, kanga mkononi, anapiga kelele barabarani: "Mnatutengeneza nywele au mnatubanika kama sangara?" Wewe ulicheka mpaka ukakaa chini. Halafu ukainuka, ukaninong'oneza, "Panua tundu, Cherehani, linakosa pumzi." Nikapanua. Likawaka. Maji yakachemka bila punje ya mkaa, ukanishika mashavu mbele ya watu ukasema, "Huyu mtoto ana akili ya shetani." Siku hiyo ningekufuata popote.

Tukanogewa. Maji ya suuza ya mwisho tukayakinga tukapigia deki. Ya dawa tukayachimbia shimo nyuma, mchanga na kokoto, yasiende mtaroni wanakochezea watoto. Ukaita fundi, akaandika ubao kwa rangi ya kijani: SALUNI ISIYOKATA MTI. Maneno yangu mie hayo, Da Vidole. Watu walikuwa wanasimama kuyasoma. Mwalimu mmoja alikuja kusuka kwa sababu ya ubao tu.

Ndipo nikakupeleka nyumbani.

Wewe huna ndugu huku, ulitoka Tabora na sanduku moja, nikasema huyu ni dada yangu, bibi atamfurahia. Tukashuka Mhunze, tukatembea mpaka kijijini. Bibi akatutolea michembe, viazi vile vilivyokaushwa, na maziwa mgando. Ukamwosha nywele zake nyeupe, ukamsuka polepole, ukimpuliza pale kichwa kinapouma. Bibi akashukuru, "Vidole vyako vina huruma, mwanangu. Wabeja sana." Jina lako lilitoka hapo. Alikupa yeye.

Kesho yake akatuonyesha ngitili yake. Wateja hapo Geita wasioijua wasikilize: ni malisho mtu anayoyafunga mvua ikianza, hakuna ng'ombe, hakuna shoka, mpaka kiangazi kikali. Majani yanapona, miti inarudi yenyewe. Bibi aliifunga babu alipokufa, pakiwa peupe kama kiganja. Sasa migunga imempita kimo. Alikuwa anaigusa mmoja mmoja kama anasalimia watu. Ukamwomba magome kidogo ya kuchemshia, ya kuimarisha nywele, tupunguze madawa ya chupa. Nilifurahi jamani! Bibi akasema, "Menya upande mmoja, upande mwingine mwachie mwenyewe." Na tulipoomba kuni za kuchomea kitana, kwa kuwa pumba zinakijaza majivu, akasema, "Kilichoanguka ni chenu. Kilichosimama kiacheni kisimame."

Ulisikia. Nilikuwa pale, uliitikia, "Ndiyo, bibi."

Siku mbili ulikuwa unaingia ngitili peke yako alfajiri na panga, mie nabaki kumtwangia bibi. Unarudi na magunia. Sasa nikwambie kitu kinachonitafuna. Gome la upande mmoja ni jembamba, kama mkanda. Yako yalikuwa mapana, yamejikunja kama mkeka. Niliyaona. Niliyafunga kamba kwa mikono yangu, nikayabeba kichwani mpaka stendi naimba. Mtoto wa Kisukuma, nimekulia kwenye miti, nikashindwa kujua maana ya gome linalojikunja duara! Nilijua. Ila lilikuwa limetoka mkononi kwako, basi nikajisemea atakuwa na maana yake.

Yale maji ya kahawia ya magome wateja waliyapenda kweli. Hilo sikunyimi.

Mwaka ukapita. Kiangazi ukaanza tena habari ya kuni. Ukasema umepata gari ya mtu, unaenda kwa bibi, ila mwenyekiti wa kijiji atataka karatasi. "Andika, Cherehani, wewe ndiye msomi." Nilikuwa nimeshika kichwa cha mtu, nusu kimesukwa, nusu kimesimama. Nikachana ukurasa wa daftari nikaandika juu ya goti: bibi yangu amemruhusu dada yangu kuchukua miti mikavu. Bibi alisema iliyoanguka. Mie nikaandika mikavu. Haraka tu, Da Vidole, mdomo na mikono!

Ukaniuliza, "Umeandikaje hapo?" Nikakusomea.

"Mikavu. Eeh. Hapo hapo, usibadili."

Nilidhani unasifia mwandiko.

Ukasafiri mara tatu. Unarudi unanuka moshi, unasema gari limeharibika njiani mkalala kwa watu wanaopika porini. Nikakuchemshia maji ya kuoga. Kwa pumba.

Halafu siku moja Mjomba Masanja akaingia saluni na baiskeli yake na yote, wateja wanavuta miguu. Hakusalimia. "Kabula, umemfanya nini mama yangu?" Nikacheka, nikajua utani. Akasema, "Twende ukaone."

Nimeona. Visiki, dada. Na matanuru ya mkaa matano yamebomolewa, udongo bado mweusi. Miti michache imesimama haina jani hata moja, na kila mmoja una pete ya panga kiunoni, imezunguka vizuri, imenyooka kama mstari wa msusi mzuri. Nikajua mkono huo. Uliimenya duara mwaka jana ili ikauke mwaka huu, halafu ukaja na karatasi yangu inayosema mikavu.

Bibi alikuwa amekaa mlangoni. Nikamwamkia. Akaniangalia sana. Akasema, "Mgeni wako alikunywa maziwa." Basi.

Nilirudi mjini mbio. Nikakuta saluni ina kishindo, jenereta nje inatetemeka, ndani drai ya kichwa inang'aa kama chungu kipya, na ubao wetu juu umepakwa rangi upya. Mkaa wa bibi uligeuka hivyo vitu viwili. Nikakwambia, dada, ile miti ilikuwa imesimama!

"Imesimama imekufa. We ukikuta maiti imesimama utaiamkia?"

Wateja wakacheka. Na mie, Mungu anisamehe, mdomo wangu ulianza kucheka kabla sijaukamata.

Nikauliza nani aliyeiua. Ukachukua kitambaa ukaanza kufuta kioo. "Mikavu ni mikavu, Kabula. Si umeandika mwenyewe?" Hukuniita Cherehani. Halafu ukalainika, ukasema, "Utashindilia pumba mpaka uzeeke? Wenzetu wanataka drai. Mimi sina bibi wala ng'ombe, nina hivi vidole tu, na vinaanza kuuma." Hapo nilikuonea huruma. Mpaka leo hilo moja linanisumbua, maana ni kweli vilikuwa vinauma, nilikuwa nakukanda kila jioni. Ungeniambia! Tungekaa, tungefikiri, mie ningetafuta njia, nilishatafuta njia ya debe.

Wiki haikuisha. Nilikwenda mashineni kuchukua pumba, nikarudi nakuta chumba kitupu. Vioo umeviacha. Viti umeviacha. Ubao umeubeba.

Mama Joha alikuja huko mara ya kwanza akarudi na habari. Ubao unaning'inia, wake wa wachimbaji na wa wanunuzi wa dhahabu wanapanga foleni, jenereta inanguruma mchana kutwa, na wewe unawahadithia habari za jiko la pumba kana kwamba ulilifikiria usingizini. Debe langu liko mlangoni, umepandia ua. Enyi mlio kwenye viti hapo, mwulizeni lini mara ya mwisho limewashwa. Na umenitumia salamu: "Mwambie Cherehani aje, kiti chake kipo."

Sikiliza kwa nini siji. Ijumaa hii baraza la kijiji linakaa juu ya ngitili ya bibi. Sheria yao ni moja: mtu akiruhusu shoka kwenye ngitili yake, inafunguliwa, ng'ombe wa kijiji kizima wanaingia, mwisho wa habari. Mwenyekiti ana karatasi yangu. Bibi ameulizwa, "Uliruhusu?" Amejibu, "Niliruhusu." Mjomba karibu alie. Usiku huo alimbana, mama, mbona unasema uongo? Akasema, "Nikikana, mjukuu wangu ataonekana ndiye mwongo. Na yule mgeni nililala naye chumba kimoja, simtaji."

Umesikia hiyo? Anakuficha. Wewe!

Mie nikisimama nikasema bibi hakuruhusu, neno la karatasi ni langu, watanitenga. Kwetu kutengwa si mchezo: hakuna wa kukupa moto, hakuna wa kukuchotea maji, ukifiwa unazika mwenyewe. Na bado wataniuliza, kama bibi hakuruhusu, miti ilikaukaje? Nani aliimenya? Sikuona kwa macho, nilibeba magunia tu. Aliyeona panga likizunguka ni wewe peke yako. Ukija ukasema sentensi moja, "Niliizungusha mimi, bibi hakujua," ngitili inabaki kwake. Hawatakufunga, nimemuuliza mjomba. Watakutukana, watakutoza, utaondoka. Nikinyamaza, bibi ataangalia ng'ombe wa watu wakila miaka yake yote kwa siku nne.

Nimeandika na kuchana barua tatu kabla ya hii. Mbili zilikuwa matusi. Moja nilikuwa nakubali kuja, nilikuwa nimeshaandika nitakuja na nguo gani. Nakuchukia na nakukumbuka, vyote vinakuja saa moja, nashindwa kula.

Nitakuwa stendi ya Mhunze Alhamisi, kila gari nitaangalia. Kaa salama na kazi yako, na vidole uvipake mafuta ya moto kabla ya kulala.

Mama Joha, hapa soma polepole. Da Vidole, usinijibu kama mwenye saluni. Weka kitana chini. Jifanye wewe ndiye Kabula, umesimama katikati ya baraza Ijumaa, karatasi yenye mwandiko wako iko mkononi mwa mwenyekiti, bibi yako amekaa chini anakuangalia, na unamjua aliyefanya, na unampenda. Ungefanyaje?

Mdogo wako, mpaka Ijumaa,
Kabula